Haramia wa Kisiwa Kisichokuwamo Ramanini

Neno haramia limetujia pwani kwa njia ya Kiarabu, nalo limebeba ndani yake shina la haramu, yaani jambo lililokatazwa. Kwa hiyo mtu akishaitwa haramia huwa amekwisha hukumiwa kabla hajasimama mbele ya kadhi, kabla hajaulizwa jina lake wala la baba yake, na kabla haijajulikana chombo alichokiteka kilikuwa cha nani na kilichukua shehena gani. Nimelifikiri sana neno hili wiki hii, baada ya kukaa jioni moja mbele ya filamu ya Kitaliano ya mwaka 1963 iitwayo Sandokan, la tigre di Mompracem, yaani Sandokan, chui milia wa Mompracem, ambayo shujaa wake ni haramia, sahibu zake ni maharamia, kisiwa chake ni maficho ya maharamia, na mtazamaji, tangu picha ya kwanza mpaka ya mwisho, hana budi kuwaombea dua maharamia hao hao washinde.

Hadithi yenyewe haina fumbo kubwa. Waingereza, walioshika kisiwa cha Labuan karibu na pwani ya Borneo, wamemtia kifungoni baba yake Sandokan, ambaye ni sultani, nao wameazimia kumwua. Sandokan naye, asiyekuwa na nguvu za kupambana na manowari zao uso kwa uso, anaivamia nyumba ya mtawala wao, Lord Guillonk, na kumchukua binti wa jamaa yake, Mary Ann, awe rehani ya uhai wa mzee. Kinachofuata ni mwitu na vitisho vyake, na wakata vichwa, na hiana iliyojificha miongoni mwa watu wanaodhaniwa kuwa waaminifu, na binti aliyechukuliwa kwa nguvu ambaye taratibu anaanza kumtazama mtekaji wake kwa jicho jingine, akajionea mwenyewe kwamba yale aliyoambiwa sebuleni kwa jamaa zake si yote ya kweli.

Aliyeiongoza filamu hii ni Umberto Lenzi, mzaliwa wa mji mdogo wa Massa Marittima huko Toscana, ambaye wakati ule alikuwa na umri wa miaka 32 tu. Na fedha zilitoka Italia, Ufaransa na Hispania kwa pamoja, kama ilivyokuwa ada ya siku zile. Mary Ann ni Geneviève Grad, Mfaransa. Lord Guillonk ni Leo Anchóriz, Mhispania. Na Sandokan mwenyewe, huyu mwana wa sultani wa Borneo, ni Steve Reeves, Mmarekani aliyezaliwa Montana, ambaye mwaka 1950 alitwaa taji la Mr. Universe kwa uzuri wa misuli yake, na tangu mwaka 1958, alipocheza Hercules katika filamu ya Pietro Francisci, akawa kipenzi cha watu wasiohesabika waliokuwa wakilipa tiketi ili wamwone akivunja nguzo na kuvuta minyororo.

Sitaipa filamu hii sifa isiyostahili. Reeves hakuwa mchezaji wa kutia machozi; akifurahi na akighadhibika uso wake hubadilika kwa kiasi kidogo mno, na wachezaji wanaomzunguka kama Wamalai ni Wazungu waliopakwa rangi, nayo rangi hiyo haimdanganyi mtoto. Lakini anayo haiba, tena haiba ya mwili uliotulia: husimama chini ya kilemba chake kama mlingoti uliokwisha shushiwa tanga, na jicho haliwezi kumpita. Aidha lipo jambo katika maisha yake ambalo waliokuwa wakimdhihaki hawakulijua au hawakulijali, nalo ni kwamba katika Vita Kuu ya Pili aliwahi kutumikia jeshi la Marekani nchini Ufilipino, na huko akaugua malaria. Kwa hiyo katika kundi lile zima la watu waliojifanya wanatoka bahari za mashariki, yeye angalau aliwahi kutetemeka kwa homa ya huko.

Jambo jingine la kutazama ni midomo. Ada ya studio za Rumi katika zama hizo ilikuwa kupiga picha kwanza na kutia sauti baadaye, hata mwongozaji akaweza kupaza sauti na kuelekeza watu huku kamera inazunguka, na kila mchezaji akasema lugha aliyoizoea: Mmarekani akasema Kiingereza, Mfaransa Kifaransa, Mhispania Kihispania, Mtaliano lugha ya mama yake, kisha, miezi kadhaa baadaye, watu wengine kabisa wakaingia katika chumba kilichofungwa, wakaitazama picha ukutani na kuisemea. Ukiangalia kwa makini utaona mdomo wa Sandokan umekwisha fumba ilhali neno bado linatoka, au umefumbuka na neno halijafika. Sauti ya chui milia si ya mwenye mwili. Mtu akiniuliza nini kilichonikaa moyoni katika filamu nzima, nitamjibu ni hiyo nukta ndogo ya muda kati ya mdomo na neno, maana ndani yake nilimwona mwandishi aliyemzaa Sandokan, ambaye kisa chake kinaizidi kwa ajabu hadithi yoyote aliyoitunga.

Emilio Salgari alizaliwa Verona mwaka 1862, mji ulio bara, mbali na mawimbi. Alitamani kuwa nahodha tangu utotoni, akapelekwa kusoma katika chuo cha ubaharia cha Venice, asipate shahada. Na safari yake ya baharini inayojulikana ni ile ya miezi kama mitatu katika chombo kilichoitwa Italia Una, akipanda na kushuka pwani ya Adriatic mpaka Brindisi. Basi, hiyo ndiyo bahari yote aliyoijua. Walakini alijiita Kapteni, akatia saini yake kwa cheo hicho, akawasimulia watu habari za Bahari ya Hindi na za Borneo kana kwamba amerudi huko juzi. Na mwandishi mwenzake wa gazeti mjini Verona alipomfanyia mzaha hadharani juu ya unahodha huo, Salgari alimwita uwanjani wakapigana kwa panga kama desturi ya waungwana wa wakati ule, akamjeruhi, na akafungwa siku chache kwa kosa hilo. Nacheka kila nikilikumbuka, na papo hapo naona haya kucheka, kwa kuwa mtu aliye tayari kumwaga damu ili asinyang'anywe uongo wake, bila shaka uongo huo amekwisha ufanya makazi.

Elimu yake ya mashariki aliitoa maktabani. Alikaa na vitabu vya wasafiri, magazeti ya jiografia, kamusi na ramani, akachukua majina ya miti, samaki, silaha na vyakula, akayamwaga katika riwaya zake kwa wingi wa kutisha, hata msomaji akajikuta amesimamishwa katikati ya vita ili aelezwe habari za mti ambao haramia ameuegemea. Hadithi ya kwanza ya Sandokan ilianza kutoka kwa mafungu katika gazeti la La Nuova Arena la Verona mwaka 1883, na ikatolewa kuwa kitabu, kwa jina la Le tigri di Mompracem, mwaka 1900. Ndani yake mna mambo ambayo filamu ya Lenzi iliyaacha au iliyageuza: mna Sandokan mwenye ghadhabu ya mwendawazimu, anayekaa katika jumba lililojaa johari na mazulia yaliyochanika, ambaye alipojeruhiwa karibu na Labuan aliokotwa na kuuguzwa katika nyumba ya adui yake asiyemtambua, na mna Yanez, Mreno wa sigara zisizozimika na maneno ya mzaha, sahibu wa Sandokan kuliko ndugu. Huyu Yanez nimempenda tangu zamani. Mwandishi mwingine wa karne ile angalimfanya Mzungu bwana na Mmalai mtumishi. Salgari amemfanya Mzungu kuwa msaidizi wa Mmalai, tena msaidizi anayefurahia nafasi yake.

Na malipo yake? Aliandika riwaya zaidi ya 80, kwa mikataba iliyomdai vitabu vitatu kwa mwaka, na wengine wakatajirika kwa kalamu yake huku yeye akikopa. Malkia Margherita alimpa nishani ya heshima mwaka 1897, lakini nishani hailipi duka. Mkewe, Ida, ambaye Salgari alipenda kumwita Aida kwa jina la mwanamke wa ile opera ya Verdi, aliingiwa na maradhi ya akili, na mwezi wa Aprili mwaka 1911 akapelekwa hospitali ya wagonjwa wa akili. Siku chache baadaye, tarehe 25, Salgari alitoka nyumbani kwake Turin, akapanda kwenye misitu ya kilimani nje ya mji, akajiua kwa wembe. Aliacha barua, na moja aliwaandikia wachapishaji wake, akiwaambia kwamba maadamu wamestawi kwa ngozi yake, basi angalau wagharimie maziko, na kwamba kalamu yake anaivunja.

Mtu huyu, aliyeishi chini ya mkono wa watu wenye nguvu kuliko yeye, ndiye aliyewaonesha watoto wa Ulaya bahari kwa jicho la mtu anayeitwa haramia. Wala hakubuni kila kitu. Riwaya yake inafunguka usiku wa tarehe 20 Desemba 1849, katika dhoruba. Na mwaka huo huo 1849, usiku wa tarehe 31 Julai, ulikuwapo usiku wa kweli huko Sarawak ambao yafaa kuukaribia kwa utulivu.

James Brooke alikuwa Mwingereza mzaliwa wa Uhindi, ambaye mwaka 1841 alipata kuwa raja wa Sarawak kwa kumsaidia mwakilishi wa Sultani wa Brunei dhidi ya waasi wake, na ukoo wake ukatawala huko mpaka mwaka 1946. Usiku ule, karibu na fungu la mchanga liitwalo Beting Marau, majeshi yake na manowari za Kiingereza yalizivizia mashua zaidi ya mia za watu wa Saribas na Skrang zilizokuwa zikirejea makwao kutoka katika uvamizi. Katika vyombo vya Waingereza ilikuwamo Nemesis, meli ya chuma ya Kampuni ya India ya Mashariki, iliyojengwa Birkenhead na kutumika kwanza katika Vita vya Afyuni nchini China. Nayo ilikuwa meli ya magurudumu ya pembeni, yale yanayokata maji kama gurudumu la kinu. Meli hiyo ilipita juu ya mashua, na magurudumu yakawasaga waliokuwamo na waliokuwa majini wakiogelea gizani. Walikufa mamia ya watu.

Sheria ya Uingereza ya wakati ule iliwapa mabaharia zawadi ya fedha kwa vichwa vya maharamia: paundi 20 kwa kila haramia aliyeuawa au kukamatwa, na paundi 5 kwa kila mmoja aliyekuwapo vitani akaponyoka. Kwa kazi ya usiku ule zililipwa paundi 20,700. Hapo ndipo lile swali la neno linapopata uzito wa dhahabu, kwani mtu yule yule, katika mashua ile ile, akiitwa mpiganaji wa kabila hana bei, na akiitwa haramia ana thamani ya paundi 20. Haishangazi kwamba hata London kwenyewe wapo waliochukizwa. Joseph Hume na Richard Cobden walipaza sauti Bungeni, sheria ya zawadi ikafutwa mwaka 1850, na baadaye tume ikakaa Singapore mwaka 1854 kuchunguza mwenendo wa raja. Brooke hakuhukumiwa.

Insafu yataka niseme upande wa pili. Watu wa Saribas na Skrang hawakuwa malaika. Walivamia vijiji vya pwani, wakakata vichwa, na waliokuwa wakilala kwa hofu ya mashua zao hawakuwa Waingereza bali Waasia wenzao, ambao baadhi yao walimshukuru Brooke kwa dhati. Salgari hakulitaka jambo hili katika vitabu vyake, wala Lenzi katika filamu yake. Maharamia wao huua wadhalimu tu, na huishi kwa hewa.

Mtu wa pwani ya Afrika Mashariki akisoma habari hizi hawezi kujizuia kukumbuka watu wa kwao na wa Ghuba ya Uajemi. Wako wachunguzi wanaodhani kwamba mfano mmojawapo wa Sandokan ni Sharif Osman wa Marudu, kaskazini mwa Borneo, ambaye ngome yake ilibomolewa na manowari za Kiingereza mwezi wa Agosti mwaka 1845. Na jina la sharifu halihitaji tafsiri Lamu wala Unguja. Kadhalika huko Ghuba watu wa ukoo wa Waqasimi wa Ras al-Khaimah waliitwa maharamia, miji yao ikachomwa mwaka 1809 na tena mwaka 1819, na pwani yao nzima ikaandikwa katika ramani za Kiingereza kuwa Pwani ya Maharamia. Katika shambulio lile la pili, upande wa Waingereza alikuwapo Sayyid Said bin Sultan wa Oman, yule yule aliyekuja kuihamishia dola yake Unguja. Kwake yeye Waqasimi walikuwa washindani wa biashara na wa utawala, na jina la haramia lilimfaa kwa sababu zake mwenyewe. Mwaka 1986 Sultan bin Muhammad Al-Qasimi, mtawala wa Sharjah na mzao wa ukoo huo, alitoa kitabu kizima cha kukanusha uharamia wa wazee wake. Ukoo ulingoja zaidi ya miaka 160 kupata wasaa wa kujibu.

Lakini swali lililonikera zaidi nilipokuwa nikitazama filamu lilikuwa la karibu zaidi na Rumi. Mbona Mtaliano amekuwa mwepesi hivi wa kuuona udhalimu wa Mwingereza? Salgari alipokuwa akiandika, nchi yake ilikuwa imekwisha kuitangaza Eritrea kuwa koloni mwaka 1890, imekwisha kupigwa na Wahabeshi huko Adwa tarehe 1 Machi 1896, na imekwisha kuchukua bandari za Banadir, yaani Barawa, Marka, Mogadishu na Warsheikh, ambazo zilikuwa chini ya Sultani wa Zanzibar. Zilikodishwa mwaka 1892, kisha zikanunuliwa moja kwa moja mwaka 1905 kwa paundi 144,000. Barawa ni mji wa watu wanaosema Chimiini, tawi la Kiswahili chetu. Waliuzwa pamoja na kuta zao, na hakuna aliyewauliza. Miezi michache tu baada ya Salgari kufa, Italia ilivuka bahari kuishambulia Libya. Na katika miaka ya 1920 wafuasi wa Mussolini walijaribu kumfanya marehemu kuwa nabii wao, kana kwamba mtu aliyemsifu Mmalai anayemfukuza Mzungu kwake angeweza kuwa tarishi wa watu waliokwenda kunyang'anya nchi za wengine.

Sandokan angeweza kuwa Mwarabu wa Tripoli au Mhabeshi, na filamu isingebadilika ila mavazi, lakini isingetengenezwa. Adui akiwa Mwingereza, mtazamaji wa Milano alikunja ngumi kwa raha na kurudi nyumbani na dhamiri isiyodaiwa kitu. Sisemi hivi kwa kuichukia filamu. Nasema kwa sababu nilijikuta nami nimekunja ngumi, na mwaka ule wa 1963 ulinijia wote: Sarawak iliingia katika shirikisho la Malaysia tarehe 16 Septemba, Zanzibar ikapata uhuru tarehe 10 Desemba, na Kenya tarehe 12. Basi filamu ya kuwapigia makofi maharamia wanaopigana na Mwingereza ilitoka katika mwaka ambao bendera ya Mwingereza ilikuwa ikiteremka.

Mafanikio yake yalizaa nyingine upesi. Lenzi na Reeves walirudi mwaka 1964 na I pirati della Malesia, na mwaka huo huo Luigi Capuano akatoa mbili zake akiwa na Ray Danton katika nafasi ya Sandokan, ambazo atakayezikosa hajapoteza kitu. Mwaka 1976 televisheni ya Italia ilionesha masimulizi ya Sergio Sollima, safari hii Sandokan akiwa Kabir Bedi, Mhindi, na hatimaye kilemba kikapata kichwa kilichokizoea.

Salgari alipendwa sana na watoto wa Amerika ya Kusini pia, na mmojawapo wa wasomaji wake alikuwa mvulana wa Argentina mwenye ugonjwa wa pumu, Ernesto Guevara. Mwezi wa Aprili mwaka 1965 msomaji huyo, akiwa mtu mzima na amekwisha julikana kwa jina la Che, alipita Dar es Salaam na Kigoma akavuka Ziwa Tanganyika usiku kwa mashua, kwenda kupigana Kongo. Na jina la siri alilopewa lilitoka katika hesabu ya Kiswahili, Tatu. Mapigano yale yalimshinda, akavuka tena kurudi mwezi wa Novemba.

Nilipomaliza kutazama nilifungua ramani nikaitafuta Mompracem. Ilikuwamo katika baadhi ya ramani za zamani, jirani na Labuan, na Salgari yaelekea aliiona humo. Katika ramani za leo haimo, na wanaobishana juu yake hukitaja kisiwa hiki au kile. Labuan ipo. Waingereza waliitwaa mwaka 1846 kwa ajili ya makaa ya mawe ya kulisha meli zao, na machimbo yakafungwa mwaka 1911, mwaka ule ule wa wembe wa Turin. Kilichobaki ni dohani moja ndefu ya matofali mekundu, yenye urefu wa futi 106, inayosimama peke yake juu ya nyasi. Na waliolichunguza tundu lake kwa ndani wanasema hawakuona dalili yoyote kwamba moshi uliwahi kupita humo.